Shahidi wake alikuwa moja: uchambuzi wa kosa la vipeo

Swali lilikuwa la mstari mmoja:

Onyesha kuwa (2ⁿ⁺⁴ − 2·2ⁿ) / (2·2ⁿ⁺³) = 7/8.

Nililiandika ubaoni Jumanne jioni, barazani kwangu Kirumba, Mwanza, mbele ya wanafunzi saba wa kidato cha pili wanaojiandaa na upimaji wa taifa. Ni swali la kawaida la mada ya vipeo. Wanne walilimaliza. Wawili walikwama katikati wakaacha nafasi. Wa saba, binti anayekuja kwa daladala kutoka Igoma, alifika kwenye 7/8 kwa njia ambayo sikuwahi kuiona. Kisa hiki ni chake, na yeye na mama yake wamekubali nikieleze bila majina.

Karatasi yake ilisomeka hivi:

2·2ⁿ = 4ⁿ
2·2ⁿ⁺³ = 4ⁿ⁺³
kwa hiyo (2ⁿ⁺⁴ − 4ⁿ) / 4ⁿ⁺³
n = 1: (32 − 4) / 256 = 28/256 = 7/64
= 7/8

Juu ya 64, kwa penseli, palikuwa na alama ya kipeuo cha pili. Juu ya 7 hapakuwa na kitu. Nikamuuliza mbona 64 imepata kipeuo na 7 haikupata.

"Saba haina kipeuo kizuri, Madam."

Wenzake walicheka. Nami nilicheka, halafu nikajuta, maana lile lilikuwa jibu la mtu mwenye akili aliyefika ukutani. Mtazame alivyofika. Swali lenyewe limeshamtajia jibu, kwa hiyo anajua anakokwenda. Anapata 7/64. Ile 7 imetokea yenyewe, hakuichonga. Na 64 ni 8 mara 8. Nani asingesema nimekaribia, kuna kitu kidogo tu kimenipita? Maswali ya kuthibitisha yana mtego ambao maswali ya kutafuta jibu hayana: mwisho wa safari unauona tangu kituoni, na ukipotea njia unakata porini ilimradi ufike.

Tena alikuwa amekaribia kweli. Weka n = 1 kwenye swali halisi: kiasi ni 32 − 4, yaani 28, sawasawa na chake. Asili ni 2 × 16, yaani 32, yeye kapata 256. Kosa lilelile kalifanya juu na chini, lakini juu halikuonekana na chini likaonekana mara nane. Swali langu mimi likawa: kwa nini juu halikuonekana?

Lakini kwanza, kosa lenyewe lilitoka wapi.

Dhana yangu ya kwanza ilikuwa kwamba hajui kanuni. Nikamwambia azitaje. Akazitaja zote bila kumeza mate: ukizidisha namba zilezile zenye vipeo, jumlisha vipeo, ukigawanya, toa, kipeo juu ya kipeo, zidisha, kipeo sifuri hutoa moja. Nikampa 2³ × 2⁵, akasema 2⁸ kabla sijaiweka chaki chini. Nikampa 2 × 2⁵. Akasema 4⁵.

Basi kanuni anazijua, ila haoni kwamba hapa ndipo zinapohitajika. Kwenye 2³ × 2⁵ namba zote mbili zimevaa kofia, na kofia ndizo zinazomkumbusha kanuni ya kujumlisha. Kwenye 2 × 2⁵ mmoja yuko kichwa wazi. Sisi walimu tunasema "2 ni 2¹, hiyo inajulikana", na kwa kuwa inajulikana hatuiandiki, na kwa kuwa hatuiandiki mwanafunzi haioni.

Dhana ya pili, uzembe, sikukaa nayo. Mzembe hukosea hapa akapatia pale. Huyu alikosea kwa nidhamu, mstari kwa mstari, kosa lilelile kila lilipopata nafasi.

Sababu nilipewa na yeye mwenyewe nilipomwomba asome karatasi yake kwa sauti na kueleza kila alama ya sawasawa. Alipofika kwenye mstari wa kwanza akasema, kama mtu anayeulizwa jina lake: "Nimefuata MAGAZIJUTO."

Kama umesoma shule ya msingi Tanzania huhitaji kuelezwa. Mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Neno hilo limeokoa watoto wengi kuliko mwalimu yeyote ninayemfahamu, nami nalisema mpaka leo nikipiga hesabu za duka kichwani. Lakini litazame vizuri: vipeo viko wapi? Havimo. Mtoto anayelifuata kwa uaminifu akikutana na 2·2ⁿ anaona kuzidisha, basi anazidisha: mbili mara mbili nne, kipeo kinabaki kilipokuwa, 4ⁿ. Kwamba kipeo kinaishika ile namba iliyo chini yake tu, na kinaishika kabla kuzidisha hakujaanza, hakuna silabi inayomwambia. Alichokifanya ni utii. Kanuni aliyopewa darasa la tano aliibeba hadi kidato cha pili, ambako mambo yamehamia kwenye Kiingereza na hakuna aliyerudi kumwambia kwamba kati ya MA na GA pana chumba kinachokosekana.

(Kuhusu ile nukta ya kuzidisha: mmoja wa wale wawili waliokwama aliisoma 2·2ⁿ kuwa "mbili nukta mbili kwa kipeo n", akaanza kutafuta 2.2 kwa kipeo cha nne. Kosa la chaki yangu. Siku hizi naandika × hata kama inaonekana ya kitoto.)

Sasa turudi kwenye swali la kwa nini juu halikuonekana. Nilimuuliza kama alikuwa na shaka yoyote na mstari wake wa kwanza. Hakuwa nayo. "Nilipima, Madam. Niliweka moja."

Na pima uone. Weka n = 1: 2 × 2¹ ni 4. 4¹ ni 4. Zinalingana! Amefanya kile tunachowahimiza kila siku, kwamba kabla ya kuamini jambo liweke namba, na namba imemjibu ndiyo. Nilimwuliza kwa nini alichagua moja. Kwa sababu ndiyo rahisi. Kila mtu angechagua moja.

Hapa ndipo kisa chote kilipo, na nitakaa kidogo. Kosa lake linasema 2·2ⁿ ni sawa na 4ⁿ. Upande wa kushoto kwa kweli ni 2ⁿ⁺¹. Wa kulia, kwa kuwa 4 ni 2², ni 2²ⁿ. Hivyo viwili vinalingana pale tu n + 1 inapokuwa 2n, yaani n = 1, basi. Kwa n = 0 kushoto ni 2, kulia 1. Kwa n = 2 ni 8 na 16. Kwa n = 3 ni 16 na 64. Kwa namba zote zilizopo duniani, hasi, sifuri, sehemu, upendavyo, uongo huu una mlango mmoja tu wa kupitia, na binti aligonga huohuo.

Isitoshe, si uongo huu peke yake unaopita hapo. Badilisha 2 kwa namba yoyote a iliyo chanya na isiyo moja: a·aⁿ na (a²)ⁿ vinakutana n ikiwa 1 tu. Yule anayesema 3·2ⁿ ni 6ⁿ, mpime kwa n = 1: 6 na 6. Yule anayesema (a + b)ⁿ ni aⁿ + bⁿ, ugonjwa mkongwe kuliko yote, mpime kwa n = 1: a + b na a + b. Moja ikiwa kipeo haifanyi kitu, na asiyefanya kitu hawezi kumuumbua mtu. Namba mbili nayo si ya kuaminika sana. Wapo wanaoandika (aᵐ)ⁿ = aᵐ⁺ⁿ; ukiweka m = 2 na n = 2, kuzidisha hutoa 4 na kujumlisha hutoa 4, kosa linavuka. Na anayechanganya −2ⁿ na (−2)ⁿ atapona kwa kila n iliyo witiri. Ni namba shufwa inayomkamata.

Kwa hiyo ushauri wa "jaribu kwa namba" una nusu iliyopotea. Jaribu kwa namba isiyo na urafiki na mtu. Mimi huwaambia 3, na ikiwa kuna namba mbili za kuchagua basi 3 na 5; ila penye alama ya kutoa kama ile ya −2ⁿ, shufwa kama 4.

Kosa likishafahamika, kulifuta ni kazi nyingine. Ukimwambia mtoto "hiyo si kweli", atakubali kwa adabu na kurudia kesho. Nilianza kwa kuandika kirefu. 2 × 2⁵ ni 2 × 2 × 2 × 2 × 2 × 2. Hesabu mbili hizo: sita. 4⁵ ni 4 × 4 × 4 × 4 × 4, na kila 4 ni mbili mbili: kumi. Aliona, akatikisa kichwa, lakini nilijua ameona herufi tu. (Kuandika kirefu si aibu. Descartes, ambaye mwaka 1637 alitupa desturi ya kuandika kipeo kama kitarakimu juu ya herufi, mwenyewe aliendelea kuandika aa mara nyingi pale ambapo sisi tungeandika a².)

Kilichomwingia ni gugumaji. Mama yake hununua dagaa soko la Mwaloni kwa gunia na kuwauza Igoma kwa visado, na binti huyu ameshinda asubuhi nyingi za Jumamosi akiangalia mitumbwi ikihangaika kufika ukingoni kwa sababu upepo umeyaleta magugumaji usiku. Mmea huo, uliojulikana Ziwa Victoria tangu mwishoni mwa miaka ya 1980, sifa yake ni kuongezeka maradufu. Nikamwambia tuchukulie, kwa ajili ya hesabu tu, kwamba eneo lake huwa mara mbili kila baada ya wiki mbili. Ukianza na mita moja ya mraba, baada ya vipindi n una mita za mraba 2ⁿ. Sasa anza na mita mbili badala ya moja. Baada ya vipindi n una ngapi?

"Mara mbili ya zile. Mbili mara mbili kwa kipeo n."

Na hiyo ni sawa na kuwa umetangulia kwa muda gani?

Alinyamaza. Kijana mmoja nyuma akadakia, nikamnyamazisha. "Wiki mbili," binti akasema. "Kwa sababu ile moja ingekuwa mbili baada ya wiki mbili."

Kipindi kimoja. n + 1. Kuanza na maradufu hakubadilishi kasi ya kuota, kunakutanguliza hatua moja tu. 4ⁿ ni kitu kingine kabisa: ni gugumaji linaloongezeka mara nne kila kipindi, jini ambalo hata ziwa hili halijaliona.

Hapo nikawapa kitu ambacho hunifurahisha kila mara. Ziwa Victoria lina eneo la kilomita za mraba 68,800 hivi. Kilomita moja ya mraba ni mita za mraba milioni moja, yaani 10⁶. Sasa tafuta 2³⁶. Ni 68,719,476,736. Zigeuze hizo mita za mraba: kilomita za mraba 68,719. Zinapungua 80 tu hivi kufikia ziwa zima! Yaani mita moja ya mraba ya gugumaji, ikiongezeka maradufu mara 36 bila kuzuiwa, inalifunika ziwa kuanzia Mwanza hadi Entebbe na Kisumu. Kwa wiki mbili mbili ni wiki 72. Ukianza na mita mbili, 2 × 2³⁵ ni 2³⁶, ni vipindi 35, wiki 70. Umeokoa wiki mbili. Lakini lile jini la 4ⁿ, kwa kuwa 4¹⁸ ni 2³⁶, litamaliza kwa vipindi 18, wiki 36. Kati ya wiki 70 na wiki 36 hakuna anayeweza kuchanganya. Bila shaka ziwani mambo hayaendi hivyo. Kuna upepo, kuna mawimbi, kuna mbawakawa walioletwa kuyatafuna, kuna chakula kinachokwisha. Kipeo hakijui hayo.

Baada ya hapo uthibitisho wenyewe ulichukua dakika tano. Kila kitu kirudishwe kwenye 2ⁿ:

2ⁿ⁺⁴ = 2⁴ × 2ⁿ = 16 × 2ⁿ
2ⁿ⁺³ = 2³ × 2ⁿ = 8 × 2ⁿ
Kiasi: 16 × 2ⁿ − 2 × 2ⁿ = (16 − 2) × 2ⁿ = 14 × 2ⁿ
Asili: 2 × 8 × 2ⁿ = 16 × 2ⁿ

Gawanya. 2ⁿ haiwi sifuri kamwe, kwa hiyo inaruhusiwa kuifuta juu na chini. Inabaki 14/16, yaani 7/8.

Kwenye kiasi huwa nasema ndoo: ndoo kumi na sita ukitoa ndoo mbili ni ndoo kumi na nne, hujali ndani ya ndoo mna nini. Hilo linawaponya wale wanaotoa vipeo badala ya kutoa namba, wanaoandika 2ⁿ⁺⁴ − 2ⁿ⁺¹ = 2³. Alinisimamisha kwenye asili. "Madam, hapa umezidisha mbili mara nane. Kwa nini wewe unaruhusiwa?" Swali zuri kuliko yote ya jioni ile. Kwa sababu 8 haina kipeo juu yake. Ni namba imekaa yenyewe. Kipeo n kimeikamata ile 2 ya mwisho peke yake. Ningemwacha aondoke na kanuni ya "usizidishe kamwe penye kipeo", ningekuwa nimempa MAGAZIJUTO nyingine yenye tundu lake.

Kisha tukarudi kwenye neno "onyesha". Kwa nini mtu aliyeambiwa aonyeshe jambo kwa kila n aliweka n = 1 na kumaliza? Sidhani ni ujinga. Shuleni swali huja kwa Kiingereza, yeye hulihamisha kichwani kuwa "onyesha", na kwa Kiswahili cha mtu aliyekulia sokoni kuonyesha ni kutoa mfano. Ukiambiwa onyesha dagaa wako, unachota kiganja kimoja unakifungua mbele ya mteja. Hakuna anayemwaga gunia. Nikamuuliza kama mama yake hununua gunia kwa kiganja cha juu. Akacheka: anaingiza mkono mpaka kiwiko. Juu huwekwa dagaa wazuri, mchanga uko chini. Na akikuta mchanga? Anaacha gunia. Akikosa mchanga je, ana hakika gunia zima ni safi? "Hapana. Ila amejaribu."

Sikuwa na cha kuongeza. Kiganja kimoja chenye mchanga kinatosha kulikataa gunia. Kiganja kimoja safi hakitoshi kulisifu. n moja inayokataa inatosha kuvunja dai. N moja inayokubali haithibitishi. Uthibitisho ni kule kumwaga gunia zima, na herufi n ndiyo inayotuwezesha kulimwaga kwa mistari mitano badala ya kuhesabu dagaa mmoja mmoja.

Akauliza, na hili sikulitegemea: "Lakini baada ya kufuta 2ⁿ, n haimo tena. Basi si ningeweka tu n = 0 nikapata 16 toa 2, chini 2 mara 8, 14/16?" Ndiyo. Ukishajua kwamba kila kipande ni namba fulani mara 2ⁿ, unajua jibu halitegemei n, na hapo n moja yoyote inatoa jibu la zote. Hata moja! 28/32 nayo ni 7/8. Namba ileile iliyomdanganya mwanzoni inasema kweli sasa, kwa kuwa kazi ya kuthibitisha imeshafanywa na kule kutoa 2ⁿ nje ya mabano. Namba inakuja kusoma matokeo tu. Nilimwambia aandike hivyo kwa maneno yake. Aliandika: "Kwanza onyesha n haina kazi, ndipo uichague."

Sasa kosa langu. Ijumaa nilimpa swali la nyumbani: onyesha kuwa (3ⁿ⁺² − 3 × 3ⁿ) / (3 × 3ⁿ) = 3. Jumanne iliyofuata alikuja na kurasa mbili zimejaa, macho mekundu. Alikuwa ameanza mara nne. Kila mara alifika kwenye 6/3 na kila mara alifuta na kuanza upya, kwa sababu swali la Madam limesema 3.

Nilikuwa nimeandika vibaya. Jibu ni 2. 3ⁿ⁺² ni 9 × 3ⁿ, ukitoa 3 × 3ⁿ inabaki 6 × 3ⁿ, gawanya kwa 3 × 3ⁿ. Uthibitisho wake wa kwanza ulikuwa safi tangu Ijumaa usiku. Nilimuuliza kwa nini hakuweka namba akaona; n = 0 tu ingempa (9 − 3)/3 na angelala mapema. Akasema, "Si ulisema kupima si kuthibitisha?"

Nilistahili. Wiki moja kabla nilitumia jioni nzima kuishusha hadhi ile namba ya kujaribia, na mtoto mtiifu akaitupa kabisa. Nusu ya pili ya habari ya gunia, kwamba kiganja chenye mchanga kinatosha kulikataa, niliisema mara moja na kupita. Ningekuwa namsimulia mwalimu mwenzangu ningekazia hapa kuliko kwenye MAGAZIJUTO: ukimfundisha mtu uthibitisho ni nini, usimnyang'anye kipimo. Kipimo ndicho kinachomwambia kama swali linafaa kuhangaikiwa. Toka siku ile, juu ya kila swali la kuthibitisha binti huandika kwa penseli "n = 3", anahesabu pande zote mbili pembeni, anafuta, ndipo anaanza.

La mwisho nililompa lilikuwa la aina nyingine, ili nione kama kilichobaki ni mazoea ya swali moja tu. Ikiwa 2ˣ = 3ʸ = 6ᶻ, thibitisha kuwa 1/z = 1/x + 1/y.

Penseli yake ilikwama. Hapa huwezi kuchagua x, y na z utakavyo, zimefungana. Alichukua x = 6, kwa hiyo zote ni 64, akafungua jedwali la logi. Logi ya 2 ni 0.3010, ya 3 ni 0.4771, ya 6 ni 0.7782. y ikatoka 3.785, z ikatoka 2.321. Kisha 1/6 + 1/3.785 ni 0.431, na 1/2.321 ni 0.431. Dakika kumi na tano, jasho, na kipande cha karatasi kimechafuka. Yako maswali ambayo kupima ni ghali kuliko kuthibitisha, na ni vizuri kukutana nalo mapema.

Uthibitisho aliuandika hivi, nami sikumgusa:

Tuite zote k. 2ˣ = k, kwa hiyo 2 = k^(1/x). Vivyo hivyo 3 = k^(1/y) na 6 = k^(1/z).
6 = 2 × 3
k^(1/z) = k^(1/x) × k^(1/y) = k^(1/x + 1/y)
Namba za chini ni sawa, kwa hiyo 1/z = 1/x + 1/y.

Nikaweka alama ya vema. Hakuchukua daftari. Alikuwa bado anautazama mstari wa mwisho.

"Madam, na k ikiwa moja?"

Kama k ni 1, basi 1⁵ ni sawa na 1⁷ na 5 si 7. Namba za chini zikilingana vipeo havilazimiki kulingana. Mstari ule, ambao nimeuandika ubaoni kwa miaka bila kuutazama mara mbili, una tundu mahali palepale alipodondokea yeye, ila safari hii moja imekaa chini badala ya juu. Nikamuuliza k itakuwa 1 lini. Alifikiri. 2ˣ ni 1 pale tu x ikiwa 0. Na y, na z. Lakini swali limeandika 1/x, na hakuna 1/0.

Alirudi kwenye daftari. Nafasi haikuwepo, akachora mshale mdogo kati ya mstari wa tatu na wa nne, na pembeni akaandika: "x, y, z si sifuri, kwa hiyo k si 1."